Jina Alilotaja Kaburini

Ukiuliza watu wa Matiliku ni nani aliwapigia video ya matanga, wengi watakutajia Kalunde, halafu watacheka kidogo kabla ya kuendelea. Si kicheko kibaya. Ni vile kila boma lina malalamiko yake.

Mzee Mutunga, kwa mfano, baada ya kumzika mkewe alirudi kwa Kalunde na flashi mkononi, uso umekunjamana.

"Kalunde, chifu aliongea pale kwangu mpaka jua likageuka. Chifu wangu yuko wapi?"

"Yuko, mzee. Si unamsikia?"

"Namsikia, simwoni! Naona sufuria. Naona mama anakatakata kabichi huku anajipangusa macho na kiwiko. Huyo ni nani?"

"Ni dada ya marehemu."

Mzee akaigeuza flashi mkononi. "Kwani alikuwa analia?"

"Tangu asubuhi. Kule mbele kwa chifu hakuna mtu alikuwa analia, mzee."

Mutunga akaenda zake na flashi yake, na hakuitisha nyingine.

Sasa, nimeanza na hiyo kwa sababu ukitaka kumwelewa Kalunde ni lazima uanzie huko nyuma, jikoni. Msichana huyu hakusomea sinema mahali popote. Alimaliza shule, akakaa nyumbani, akapata kibarua kwa mtu wa studio pale sokoni aliyekuwa amechoka kubeba kamera juani. Kazi ndiyo ilimfundisha. Harusi, matanga, kanisa likifunguliwa, mtoto akifuzu chuo. Akajua jua la saa sita linavyoharibu uso wa bibi harusi. Akajua upepo ukishaingia kwa maikrofoni hakuna maombi ya kuutoa. Lakini kitu kikubwa alichojifunza ni kungoja. Watu wakiona kamera hujinyoosha, wanashika kola, wanaweka mdomo vizuri. Ukingoja, wanachoka kujinyoosha na kurudi vile walivyo. Hapo ndipo Kalunde huanza kazi, wakati wapiga picha wengine wameshaenda kula.

Filamu yake ya kwanza ilikuwa fupi, ya akina mama wanaochimba maji kwenye mchanga wa mto uliokauka. Hakuna mtu aliyeigiza. Aliwakuta, akaketi nao siku nyingi bila kuwasha chochote, mpaka wakamsahau. Aliionyesha kwenye ukumbi wa kanisa, juu ya shuka nyeupe iliyofungwa kwa vipini vya majembe, na akina mama wakapiga kelele wakijiona. Baadaye ikaenda Nairobi, na watu wasiojulikana wakasimama kuipigia makofi. Kalunde aliniambia alitafuta mlango wa kutorokea.

Tangu siku hiyo alitaka kutengeneza ndefu. Na hapo ndipo nitakaa, kwa sababu hiyo ndefu ndiyo ilimmaliza.

Alikuwa na mwenzake mmoja tu, Muturi, wa upande wa sauti. Wazazi wa Muturi walitoka Murang'a wakafungua duka Kwa Vonza kabla yeye hajazaliwa, kwa hivyo Muturi ni Mkikuyu anayetukana kwa Kikamba, na anatukana vizuri. Maikrofoni yake huivalisha soksi ya mtoto kuzuia upepo. Miaka mitatu hao wawili walizunguka na filamu hiyo, wakipiga sehemu kidogo, wakisimama, wakirudi kwa harusi za watu, wakipiga tena. Waliiita *Mgomba*. Ilikuwa hadithi ya mama ambaye mwanawe alienda mbali kutafuta kazi na hakurudi, hata maiti haikurudi, mpaka ukoo ukaamua azikwe hivyo hivyo. Unajua kwetu kaburi likishachimbwa haliachwi tupu. Mtu asipopatikana, wazee huzika shina la mgomba mahali pake. Likishafukiwa, yule mtu amehesabiwa miongoni mwa waliokufa.

Tamasha moja la ng'ambo lilikuwa limeona vipande vya filamu hiyo na kumwandikia: malizeni kabla ya mwisho wa Oktoba, tunataka kuitazama. Kilichokuwa kimebaki ni mazishi tu.

Na mama wa kumzika mwanawe alikuwa Nzisa.

Nzisa ni dada mkubwa wa mama yake Kalunde. Mama alipofariki Kalunde akiwa mdogo, Nzisa alimchukua akamlea pamoja na mwanawe wa pekee, Kitheka. Kalunde humwita mwaitu, yaani mama yangu, na hajawahi kumwita kitu kingine. Ni mtu wa kanisa, kiongozi wa akina mama, mkono mmoja Biblia na mwingine jembe. Lakini usidanganyike na kitambaa chake cha kichwa. Ana ulimi wa kuchekesha.

Na Kitheka? Kitheka alikuwa tanboi, utingo wa lori. Alipanda lori la mizigo la kwenda Juba, akapiga simu kutoka mpakani akisema joto ni jingi na ugali wa huko si ugali, na hakupiga tena. Huu ni mwaka wa tisa. Kila Jumapili akitoka kanisani, Nzisa hukaa kwenye kiti cha mlangoni, anavua viatu, anapiga nambari ya mwanawe. Ile sauti ya mwanamke inamwambia mteja hapatikani. Nzisa huisikiliza mpaka mwisho, kwa adabu, halafu anaenda kuweka chai. Hajawahi kulia mbele ya mtu. Ukimpa pole anakuuliza pole ya nini.

Najua unachofikiria. Kalunde hakulifikiria? Alilifikiria. Lakini mtu akifanya kazi kwa kutafuta machozi ya kweli, siku moja atayatafuta nyumbani kwake.

Alimkuta Nzisa akichambua pojo.

"Mwaitu, nataka unizikie mtu."

"Nani amekufa?"

"Hakuna. Ni ya sinema."

"Ya sinema." Nzisa akapuliza maganda kwenye ungo. "Na mimi uzuri wangu wote huu, umeona nifae kuzika tu? Harusi mmepea nani?"

"Harusi hakuna, mwaitu."

"Haya. Nitasema nini?"

"Chochote. Sikupi maneno. Utasema vile mama angesema."

"Na huyo kijana wangu wa sinema anaitwa nani?"

"Hana jina."

Nzisa akamtazama kidogo, kisha akarudi kwa pojo zake. "Mtoto asiye na jina," akasema. "Mnapenda mambo magumu."

Hilo ndilo kosa, na Kalunde hulikiri mwenyewe. Huwa hawapi waigizaji wake majina, kwa sababu anasema jina ni nguo ya kuazima, mtu anatembea ndani yake akiogopa kuichafua. Na harudii kitu mara mbili. "Nikimwambia mama alie tena," husema, "atanililia mimi, si kile alichokuwa analilia." Kwa hivyo huwasha kamera mara moja, na kikipotea kimepotea.

Walichimba kaburi chini ya boma la Nzisa, kwenye shamba lake mwenyewe. Mgomba waliutoa Nunguni, kule juu kwenye ukungu, kwa sababu Matiliku jua halikuwa limeacha mgomba wa kufaa. Muturi alilibeba shina begani kutoka barabarani akipiga kelele kwamba hata maiti ya kweli ingemhurumia. Majirani walikuja, maana Kalunde aliwaomba waje kama wanavyokuja matanga: wasimame wanaposimama, waimbe wanachoimba. Aliwaambia ni sinema. Wengine walifika baadaye na hawakusikia.

Wakaanza. Shina lilikuwa limefungwa shuka. Wanaume wakaliteremsha. Wimbo wa kanisa ukapanda, kwanza kwa aibu, kisha kwa nguvu, kwa sababu watu wetu hawawezi kuimba wimbo huo nusunusu. Nzisa alikuwa amesimama kama mtu anayengoja zamu yake kwenye kinu cha kusaga. Kalunde alingoja. Muturi alingoja. Mchanga ukaanza kuanguka.

Halafu Nzisa akapiga magoti. Akachukua udongo kwa mikono miwili, akauleta karibu na uso kama mtu anayeunusa, na akasema, si kwa kelele, akasema kama mtu anayemwamsha mtoto wa shule:

"Kitheka. Kitheka wakwa, mwanangu. Basi lala. Nimechoka kukungoja, lala."

Na akautupa.

Wimbo ukakatika. Kalunde alikuwa nyuma ya kamera na alisikia jina hilo vizuri kama unavyonisikia. Kidole chake kilikuwa juu ya kitufe. Aliniambia, "Nilijua nilifaa kuzima. Nilijua kabisa. Na mkono wangu ukasogeza lenzi karibu."

Hakuzima mpaka Nzisa alipoinuka mwenyewe.

Siku iliyofuata Kasyoka, jirani wa ng'ambo ya korongo, alifika kwa Nzisa na pakiti ya sukari, majani ya chai na unga, leso amejifunga kiunoni kwa ile namna ya matanga.

"Pole sana, mama Kitheka. Lakini mngetuambia mapema, si tungekuja kulala hapa na wewe."

"Tuwaambie nini?"

"Kwamba mlipata habari."

"Habari gani, Kasyoka?"

Kasyoka akabaki ameshika sukari. "Si mmemzika? Mimi nilikuwa pale. Nilikusikia kwa masikio yangu ukimlaza."

Wakaja wengine, na unga wao. Nzisa akawaeleza, ni sinema, ni mchezo wa Kalunde, huo ni mgomba. Walikubali kwa mdomo. Lakini mzee mmoja wa ukoo akauliza swali la kawaida tu, bila ubaya: je, kijana akirudi, ataingia vipi kwenye boma ambalo mama yake mwenyewe amemzika? Pasta akaja naye, akasema hayo ni mambo ya kale, Mungu hatazami migomba, akaomba, akanywa chai, akaenda.

Jumapili Nzisa alitoka kanisani, akaketi kwenye kiti chake, akavua viatu, akatoa simu. Kalunde alikuwa pale. Nzisa aliishika ile simu muda mrefu, kisha akaiweka chini kwenye kiti.

"Nitampigia mtu niliyemzika?" akasema. "Akishika nitamwambia nini?"

"Mwaitu, haikuwa kweli."

"Wewe ulisema niseme vile mama angesema. Nilisema. Sasa unaniambia haikuwa kweli." Hakuwa amekasirika, na hilo ndilo lilimwogopesha Kalunde. "Nifukulieni mtoto wangu. Na hiyo picha, itoe. Nisiwe nimesema."

Walifukua, Kalunde na Muturi. Shina lilikuwa limeanza kuoza na kutoa maji. Walilibeba wakalitupa mbali mtoni. Halafu Kalunde akaleta laptopu, akaketi kando ya Nzisa, akamwonyesha kipande kile kwenye kioo, bila sauti, na akakifuta mbele yake.

"Imeenda?"

"Imeenda."

"Ilikuwa hiyo tu?"

"Hiyo tu, mwaitu."

Haikuwa hiyo tu. Kila mtu wa kazi hiyo huweka nakala mbili, na ya pili ilikuwa Kwa Vonza, ndani ya kabati ya Muturi, chumba cha nyuma ya duka la mamake. Kalunde alilijua hilo akifuta. Jumapili iliyofuata Nzisa alipiga simu tena, na yule mwanamke akamwambia mteja hapatikani, na Nzisa akainuka kuweka chai huku anaimba. Alinenepa kidogo. Akaanza mizaha yake. Alimwambia Kalunde, "Sasa nakupenda tena, unaweza kula."

Wewe hebu jiweke hapo. Ule ugali unapitaje kooni?

Aliukwepa kwa kwenda Kwa Vonza. Oktoba ilikuwa inaisha. Yeye na Muturi walijifungia na filamu, madirisha yamezibwa na magunia, nje wanafunzi wa chuo wakinunua vocha na maandazi. Walijaribu kumaliza bila lile kaburi. Walijaribu mama akiangalia barabara. Walijaribu mlango uliofungwa. Kila mwisho waliouweka ulilala pale kama sahani tupu. Mwishowe Muturi, bila kusema, akaingiza kile kipande, na wote wawili wakatazama filamu yao kuanzia mwanzo hadi mwisho.

Muturi alilia, na Muturi si mtu wa kulia. "Kalu," akasema, "hatutawahi kufanya kitu kama hii tena. Wewe unajua. Mimi najua."

"Najua."

"Basi tuma."

"Nilimwambia imeenda."

"Ataiona wapi? Tamasha iko ng'ambo! Nani wa Matiliku anaenda huko, Kasyoka?"

"Itarudi, Muturi. Sinema nzuri hurudi. Mtu atakata kipande aweke kwa simu, na simu ziko mpaka kwa choo cha kanisa. Atajiona akimlaza."

"Kwa hivyo tutengeneze mbaya ndio isirudi?" Muturi akasimama, akapiga ukuta kwa kiganja. "Na mimi? Hiyo sauti ni yangu. Nilikaa kwa hiyo kaburi na soksi mkononi. Miaka mitatu, Kalu! Mamangu ananiuliza kila asubuhi kama mimi ni mgonjwa. Unajua mimi sina kitu kingine. Wewe uko na kitu kingine?"

"Sina."

"Basi usinifanyie hivi. Ngoo. Tafadhali."

Alikuwa anaomba kweli, mikono imeshikana, mwanaume mkubwa. Kalunde akageukia kompyuta. Alirudisha kipande nyuma, akakitazama tena, na safari hii alijitazama mwenyewe: ile sekunde lenzi inaposogea karibu. Mtu mwingine hawezi kuiona. Inasogea taratibu, kwa ustadi, bila kutetemeka. Alisema ndiyo picha nzuri kuliko zote alizowahi kupiga, na kila akiiona anasikia kama ameshikwa shati na mtu aliyemwona akiiba.

Akaifuta. Akafuta na iliyokuwa kwenye diski ndogo, na ile Muturi aliyoihifadhi kwenye simu, maana Muturi mwenyewe alitoa simu akaiweka mezani, akageuza uso.

"Toka," Muturi akasema. "Si eti nakuchukia. Toka tu."

Hawakutuma chochote. Oktoba ikaisha.

Mimi ningependa kuishia hapo, na wewe labda ungependa pia, kwa sababu hapo msichana amefanya la haki. Lakini Kalunde hakuishia hapo. Uongo ulikuwa umebaki, na hakujua kuishi nao mezani kwa mama aliyemlea. Akaenda Matiliku, akamkuta Nzisa akianika mahindi juu ya turubai, akamwambia yote. Kwamba kulikuwa na nyingine. Kwamba aliificha. Kwamba sasa imefutwa, kweli, na filamu imekufa nayo.

Nzisa aliendelea kutandaza mahindi kwa mguu, hivi, akiyasawazisha. Halafu mguu ukasimama.

"Kwa hivyo Jumapili hizo zote," akasema polepole, "nilipokuwa nampigia, alikuwa bado amezikwa."

"Mwaitu..."

"Nilikuwa naimba, Kalunde. Niliimba. Na mtoto wangu alikuwa kwa kabati ya Muturi, nikimlaza."

"Nimeifuta. Hakuna mahali iko sasa. Naapa."

"Uliapa ile siku."

"Sikuapa. Nilisema tu."

"Aa. Ulisema tu." Nzisa akatikisa kichwa. "Ungeniambia siku ile, ningekasirika tukamaliza. Ama ungenyamaza ufe nayo. Sasa umenifanyia yote mawili. Leo nitajuaje ni ya mwisho? Nikishika simu Jumapili, nitajuaje nampigia aliye hai?"

Kalunde alipiga magoti kwenye turubai, akaanza kutandaza mahindi kwa mikono kwa sababu hakujua mikono aipeleke wapi. Nzisa alimwangalia.

"Acha," akasema. "Hayo ni yangu."

Akaacha. Nzisa akaingia ndani. Hakufunga mlango, lakini hakumwita pia. Kuku walikuja kwenye mahindi na hakuna mtu aliyewafukuza, na Kalunde alibaki pale chini, nje ya nyumba aliyokulia, akisikiliza kama kutatoka sauti yoyote.